Tupeane uzoefu: daktari aliyekusaidia hadi mambo ya nje ya ugonjwa

Wakuu habari za jioni. Naanza na mzee wangu. Alikutwa na TB, akaanzishiwa dawa za miezi 6. Haikupita muda akawa anazikacha, anaficha chini ya godoro; mama ndiye alizikuta akitandika. Ukimuuliza, mkali. Siku ya kliniki daktari akatutoa nje wote, akabaki naye. Kumbe mzee alikuwa anakojoa rangi ya chungwa, akajua ni damu, ndo basi tena, na kutuambia watoto anaona aibu. Akaelezwa ni rangi ya rifampisini tu, moja ya dawa zake za TB, hata machozi yanaweza kubadilika.

Halafu akaitwa mama, akaulizwa wanalalaje. (Alishahamia chumba cha wajukuu, na kikombe cha mzee kakitenga.) Mlango ulikuwa wazi, nikasikia: “Mama, TB haipiti kwenye vikombe. Fungueni madirisha, ameze dawa.” Baada ya wiki chache wakampima tena makohozi, safi. Usiku ule mama alirudisha mto wake. Nyie je?

#2
Mkuu, mimi ndo nilikuwa mkosaji. Wife alijifungua kabla ya siku, mtoto kilo 1.4. Kusikia watakaa wodini wiki kadhaa, nikazima simu. Sina kazi, sina hela. Daktari mmoja wa kike, makamo ya mdogo wangu, akanisaka kupitia kwa mama yangu. Nimefika najua nakuja kusemwa, ananiambia, “Baba, vua shati.” Akanilaza mtoto kifuani, kangaruu, yaani ngozi kwa ngozi, akafunga na kitenge. Kalikuwa kanapumua kama kifaranga. Kuhusu bili akanipeleka mwenyewe kwa mtu wa ustawi wa jamii. Sasa hivi dogo yuko chekechea, mtundu balaa.

#3
Bahati zenu. Mimi nilienda presha imepanda, nimetoka kumzika mume wiki hiyo hiyo. Nikaandikiwa dawa mtu hajanitazama usoni. Hata pole sikupata.

#4
Pole sana dada. Mimi ni tabibu, simtetei. Ila kuna siku foleni inafika getini, mgonjwa anaanza “daktari, kuna jambo jingine…” na mimi nishaita anayefuata. Nikifika nyumbani ndo namkumbuka.

Presha inasomaje sasa? Na hapo nyumbani umebaki na nani?