Wengi wape? Uingereza na mfumo wake wa kumpa ubunge mwenye kura nyingi tu: waache au waendelee?

Mleta mada

Wakuu, salaam.

Tarehe 4 Julai 2024 nilipiga kura ya ubunge hapa Uingereza kwa mara ya kwanza. Pasipoti yangu ni ya Tanzania, lakini sheria yao inamruhusu mtu wa Jumuiya ya Madola mwenye kibali halali cha kuishi ajiandikishe na apige kura kama wao. Kituo kilikuwa ukumbi wa kanisa, mtaa wa pili kutoka kwangu. Hakuna foleni, hakuna askari, hakuna wino wa kidole. Karani akatazama leseni yangu ya udereva, akapiga mstari kwenye jina langu, akanipa karatasi. Kibandani nikakuta penseli imefungwa kwa uzi. Penseli, jamani! Nikawaza kelele ambazo mawakala wa vyama kwetu wangezipiga. Nikatia alama yangu, nikatumbukiza karatasi sandukuni, dakika tatu niko nje.

Usiku nikakesha na matokeo. Kulikucha, likaja jimbo la South West Norfolk, la Liz Truss, yule aliyekuwa Waziri Mkuu kwa siku 49 mwaka 2022. Mwaka 2019 alimwacha wa pili kwa kura 26,195. Safari hii alipata 11,217, wa Labour akapata 11,847. Watu wakashangilia kuanguka kwa kigogo. Mimi nikachukua kikokotoo: mshindi ana asilimia 26.7. Karibu watatu katika kila wanne waliopiga kura jimboni walimtaka mtu mwingine, na mbunge ni yeye.

Kitaifa ni yaleyale. Labour asilimia 33.7 ya kura, viti 411 kati ya 650. Reform asilimia 14.3, viti vitano. Liberal Democrats wao asilimia 12.2, viti 72. Yaani mwenye kura chache amemzidi mwenye nyingi kwa viti zaidi ya mara kumi na nne, kwa sababu kura za huyu zimekusanyika mahali pamoja na za yule zimetawanyika nchi nzima.

Kiswahili chetu kinasema wengi wape. Hapa wengi ndio walionyimwa. Msimamo wangu: waachane na mfumo huu, waende kwenye uwiano wa kura na viti.

Najua nitaambiwa ni mila yao ya karne na karne. Si kweli, na hapo ndipo nataka tukae kidogo. Kwa karne nyingi jimbo la kawaida la Uingereza lilitoa wabunge wawili. Old Sarum, kilima kitupu karibu na Salisbury, kilikuwa na wapiga kura wasiofika hata ishirini, hakuna anayeishi pale, uchaguzi unafanyika chini ya mti, na bado kilipeleka wabunge wawili London. Dunwich nayo sehemu yake kubwa ilishamezwa na bahari, lakini wabunge wake wawili hawakulowa. Wakati huohuo Manchester yenye viwanda na moshi wake haikuwa na hata mmoja. Agosti 1819 watu wapatao 60,000 walikusanyika uwanja wa St Peter's mjini humo kudai uwakilishi. Askari wa farasi wakaingizwa kati yao na mapanga, wakaua zaidi ya kumi na kujeruhi mamia. Old Sarum ilifutwa mwaka 1832, pamoja na vijimbo vingine vya aina yake.

Jimbo moja mbunge mmoja limekuwa kawaida tangu mageuzi ya 1885 tu, vyama vikubwa vilipokubaliana kuchora ramani upya. Majimbo ya mwisho ya wabunge wawili yalifutwa kwa sheria ya 1948. Na hadi uchaguzi wa 1945 mhitimu wa Oxford au Cambridge alikuwa na kura mbili, moja ya nyumbani na moja ya chuo chake. Sasa sikieni hili: tangu 1918 majimbo ya vyuo yenye viti zaidi ya kimoja yalichagua kwa kupanga wagombea kwa mapendeleo, wa kwanza, wa pili, wa tatu, ili viti vigawanywe kwa haki. Wasomi wakapewa uwiano, mchimba makaa akaambiwa mfumo huo utamchanganya.

Karibuni, ila mje na hoja.

Mtu wa Kisumu

Boss, umechambua poa lakini umeruka kitu kimoja. Mwaka 2011 Waingereza waliulizwa kwa kura ya maoni kama wanataka kubadilisha. Asilimia 67.9 wakasema hapana. Wenyewe wamekataa, wewe na penseli yako unawasaidia kulia kwa nini?

Pili, uzuri wa mfumo huu ni kufukuza. Waziri Mkuu Sunak alishindwa Alhamisi, Ijumaa mchana alikuwa ameshaaga na Starmer wa Labour ameingia Downing Street. Ubelgiji wana huo uwiano wako, na baada ya uchaguzi wa 2010 walikaa siku 541 wakijadiliana nani aunde serikali. Pesa za wananchi zinaenda, wakubwa wanakunywa kahawa.

Tatu, mbunge wa jimbo ana uso. Barabara ikiharibika najua mlango wa kubisha. Huko kwenye uwiano wabunge hutoka kwenye orodha ya chama; orodha utaibisha wapi?

Mleta mada

Hiyo ya tatu inanibana, nakiri. Mama alipokwama na viza ya kuja kunitembelea, nilikwenda kwa mbunge wa hapa siku yake ya kusikiliza watu. Anakaa kwenye chumba cha maktaba, mnaingia mmojammoja kama kwa daktari. Sikuwa nimempigia kura wala hakuuliza. Barua ya ofisi yake ilitoka wiki ileile.

Lakini ya 2011 tuiweke sawa. Hawakuulizwa kuhusu uwiano. Waliulizwa wabaki na jimbo la mbunge mmoja, ila mpiga kura apange namba 1, 2, 3 mpaka mmoja afikishe nusu. Hata Nick Clegg, kiongozi wa Liberal Democrats wakati huo, ambaye chama chake ndicho kilichopigania ile kura ya maoni, kabla ya hapo alikuwa ameudharau mfumo huohuo hadharani. Umemnyima mtu pilau, umemletea uji, amekataa uji, unatangaza kwamba hana njaa.

Na hawakuanza juzi kulifikiria. Mwaka 1917, vita havijaisha, mkutano ulioongozwa na Spika ulipendekeza uwiano kwa miji mikubwa. Bunge likapitisha kura kwa wanawake wenye miaka 30 walioingia kwenye masharti ya mali na makazi, likapitisha kura kwa wanaume wote wa miaka 21, likakataa hilo la uwiano.

Wakili Mstaafu

Nimeona mjadala kama huu mara nyingi, na kila mara kuna mtu huleta mwaka 1951, kwa hiyo niulete mwenyewe kabla haujaletwa vibaya. Labour walipata kura milioni 13.9, Wahafidhina na washirika wao milioni 13.7. Viti: Labour 295, Wahafidhina 321. Churchill akarudi madarakani akiwa na kura pungufu. Ni kweli, lakini majimbo manne ya Ireland ya Kaskazini siku hiyo hayakuwa na mpinzani, kwa hiyo wafuasi wa upande wa Churchill kule hawakuhesabiwa hata mmoja. Tofauti halisi huenda ilikuwa ndogo kuliko inavyosemwa.

Februari 1974 ikageuka: Wahafidhina asilimia 37.9 na viti 297, Labour asilimia 37.2 na viti 301. Kwa hiyo asidanganyike mtu kwamba mfumo huu una chama. Humpendelea yule ambaye kura zake zimekaa vizuri kwenye ramani siku hiyo. Mwaka 1983 Labour walipata asilimia 27.6 na viti 209, muungano wa Waliberali na Wasoshalisti wa Kidemokrasia asilimia 25.4 na viti 23. Labour hawakulalamika.

Na wanaosema kura moja haina kazi wasome habari za Winchester, 1997. Mark Oaten alimshinda Gerry Malone kwa kura mbili. Malone akaenda mahakamani, kwa kuwa karatasi kadhaa zilikataliwa baada ya makarani kusahau kuzigonga alama rasmi, na zingehesabiwa angeshinda yeye. Uchaguzi ukafutwa, ukarudiwa Novemba. Wananchi wakamwadhibu kwa kutokubali kushindwa: Oaten akamwacha kwa kura 21,556.

Mzee wa Unguja

Enyi vijana, mnahesabu ya Norfolk na Winchester, nyumbani hamjafika?

Mwingereza alituletea Zanzibar mfumo wake huuhuu. Januari 1961 jimbo moja la Chake Chake lilikwenda kwa kura moja. Moja! Kwa vyama, ASP viti kumi, ZNP tisa, ZPPP vitatu, na wale watatu wakagawanyika, ikawa kumi na moja kwa kumi na moja. Ukarudiwa Juni, na damu ikamwagika. Kisha Julai 1963, viti 31. ASP wakapata asilimia 54 ya kura zote na viti 13. ZNP 12, ZPPP sita. Waliopata zaidi ya nusu ya kura wakakaa upinzani, bendera ikapandishwa tarehe 10 Disemba, na 12 Januari mnajua.

Sisemi mfumo wa kura ndio uliopindua. Yalikuwepo mengi, ya ardhi, ya asili za watu, ya skuli na kazi. Lakini nyinyi bara methali mnaikata katikati. Mleta mada kasema wengi wape akanyamaza. Kwetu inakwisha hivi: usipowapa watachukua wenyewe.

Mtu wa Kisumu

Shikamoo mzee. Lakini ZNP na ZPPP waliachiana majimbo kwa makubaliano. Walicheza mchezo kwa sheria zilizokuwepo, ASP wakajaza kura nyingi kupita kiasi kwenye ngome zao. Kosa la mfumo au la mkakati?

Mzee wa Unguja

Marahaba mwanangu. Mchezo ambao mwenye magoli mengi anashindwa kwa kuwa kayafunga yote upande mmoja wa uwanja, wewe ungekubali kuucheza?

Mleta mada

Nyongeza kwa mzee. Tanganyika hatukupewa hata mfumo wao kamili. Uchaguzi wa 1958 na 1959 ulikuwa wa kura tatu: lazima umchague Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja, usipofanya hivyo kura yako imeharibika. Na usajiliwe kwanza kwa kipato cha pauni 150 kwa mwaka, au elimu ya darasa la nane, au cheo. TANU walikesha Tabora Januari 1958 wakibishana wasuse au waingie, Nyerere akawashawishi waingie. Kenya nayo, 1957, Mwafrika aliweza kuwa na hadi kura tatu kulingana na elimu na mali yake. Kura za ziada Uingereza ilikwisha kuzifuta kwao kwa ile sheria ya 1948.

Dada wa Dodoma

Mnazungumza kama wapiga kura wote walikuwa wanaume, na kweli ndivyo sheria ya uchaguzi ya Uingereza ya 1832 ilivyoandika, kwa mara ya kwanza bayana: mtu wa kiume. Mwaka 1867 John Stuart Mill, mwanafalsafa aliyekuwa mbunge, aliliomba Bunge libadilishe neno moja tu, waandike mtu badala ya mwanamume. Akashindwa kwa kura 196 kwa 73. Usawa kamili ulifika 1928.

Sasa kaka mleta mada, nilitegemea nikuunge mkono, kwa sababu hapa kwetu viti maalum vinagawiwa vyama kwa uwiano wa kura na ndivyo vilivyotuingiza wengi bungeni. Lakini Uingereza 2024 waliingia wanawake 263, asilimia 40, wote wakipigania majimbo, hakuna kiti maalum hata kimoja. Mbunge wa jimbo haambiwi na mtu kwamba amebebwa. Sisi tunaambiwa kila siku. Labour walianza wenyewe kutenga majimbo ya kushindaniwa na wanawake watupu ndani ya chama, na 1997 idadi ikaruka hadi 120. Kwa hiyo niambie, tatizo ni hesabu ya kura au ni nani anayekaa mlangoni mwa chama?

Mleta mada

Dada, hapo umenipiga na fimbo yangu mwenyewe. Orodha ya chama siitetei. Ninachotaka ni kile cha Bunge la ndani la Ireland ya Kaskazini: majimbo 18, kila moja viti vitano, mpiga kura anapanga watu kwa namba, watu na si vyama. Ukifikisha zaidi kidogo ya sehemu moja ya sita ya kura umeingia, na ziada yako inashuka kwa aliyewekwa namba mbili. Jimbo lipo, mlango wa kubisha upo, na mlangoni mwa chama anayeamua nani awe juu ni mwananchi. Walikuwa nao miaka ya 1920, wenye wingi wakaufuta 1929, ukarudishwa 1973 nchi ikiwa imeshawaka moto.

Mwana Bukavu

Mimi nawasoma tu. Niko hapa Uingereza miaka kumi na mbili, nalipa kodi, watoto wanasoma hapa. Jirani yangu Mnyarwanda anapiga kura kwa kuwa nchi yake iliingia Jumuiya ya Madola mwaka 2009. Mimi Mkongo, na rafiki yangu Mrundi, hapana. Nyinyi mnagombania namna ya kuhesabu kura, mimi nauliza yangu iko wapi. Lakini sawa, huo wa Ireland wa namba namba, kuhesabu si unachukua mwezi?

Mleta mada

Hoja yako inastahili mada yake, ndugu yangu, nami nitaifungua. Kuhesabu: mwaka 2022 walipiga kura Alhamisi, Jumamosi usiku kazi imekwisha.

Mtu wa Kisumu

Siku mbili? Sisi mwaka huohuo tulipiga tarehe 9 Agosti, rais akatangazwa tarehe 15. Hapo kwa siku mbili nimelegea kidogo, boss. Kidogo tu.