Kikundi: Kizazi cha Mzee Kombo (Mikanjuni)

ALHAMISI

Mwanaidi 06:41
Assalaam aleikum wote. Keshokutwa ndiyo siku ya harusi. Narudia kwa wale wasiosoma: Jumamosi SAA NNE KAMILI asubuhi kila mtu awe Mikanjuni. Sare zichukuliwe kwa fundi leo. Asiye na sare hapigwi picha.

Mwanaidi 06:43
Michango mpaka jana usiku:
Athumani 200,000
Pili 150,000
Hamisi 150,000
Rehema 100,000
Bi Tatu 50,000
Nassor 300,000
Jumla 865,000

Mwanaidi 07:10
Naona tiki za bluu tu. Mmemeza ulimi?

Nassor 07:22
Nipo Dada

Mwanaidi 07:22
Kuwepo si kujibu. Nani anawafuata Baba na Bi Tatu Pongwe?

Mwanaidi 07:40
Nauliza tena Pongwe nani anakwenda

Rehema 07:55
Dada, samahani nakukatiza. Nilitaka niseme tukionana ila bora wote wasikie mara moja. Majibu ya mwanangu Idrisa yametoka Dar. Ni usonji, ile aina iliyokuwa ikiitwa Asperger. Si ukaidi, si kiburi, na si kile mlichokisema. Kwa Jumamosi naomba spika zisielekee chumba cha nyuma, asilazimishwe sare, na watu wasimshikeshike kichwa wakimsalimia. Basi.

Nassor 07:58
Asipagawe?? Nikadhani dawa ya mashetani 😂😂

Pili 07:59
😂😂😂

Rehema 08:00
Nassor.

Nassor 08:01
Utani dada angu, pole

Athumani 08:15
Mimi sielewi. Usonji si wale watoto wasiosema? Huyu anasema mpaka tunamwomba anyamaze.

Hamisi 08:31
Mjomba shikamoo. Usonji una sura nyingi. Hawa waliokuwa wakiitwa Asperger hawachelewi kusema wakiwa wadogo, na akili ya darasani wanayo, wengine kuwazidi wenzao. Shida iko kwenye yale sisi tunayoyajua bila kufundishwa. Uso wa mtu unasema nini, utani ni upi, lini mtu anasema jambo na hamaanishi. Na masikio na ngozi za wengi wao zinapokea kila kitu kwa nguvu. Pangaboi ambalo wewe hulisikii, yeye linamsumbua.

Athumani 08:33
Hata mimi mama yenu akisema ananisumbua. Nina Asperger?

Nassor 08:33
😂😂 Kaka Athumani wewe una madeni

Mwanaidi 08:36
PONGWE NANI ANAKWENDA

Pili 08:50
Mimi nimesikia ni zile sindano za utotoni

Hamisi 09:04
Hapana mama mdogo. Hayo yalitoka kwa daktari mmoja Uingereza, Wakefield, mwaka 1998. Jarida lililomchapisha liliifuta makala yake 2010 na mwaka huohuo akaondolewa kwenye udaktari. Mtu anazaliwa nao, na mara nyingi umo kwenye ukoo. Malezi hayausababishi, kwa hiyo mama mdogo Rehema asilaumiwe na mtu. Wala hakuna dawa ya kuuondoa. Zinazoandikwa ni za kusaidia mambo yanayoambatana nao, kama usingizi au wasiwasi.

Hamisi 09:06
Na wasichana wengi hawagunduliki kwa sababu wanajifunza kuigiza wenzao. Wakirudi nyumbani wamechoka hoi.

Mwanaidi 09:07
Hamisi mwanangu elimu nzuri ila darasa tulifanye baada ya walima. Sare ni sare. Kitambaa nimechagua mimi, sitaki mmoja avae kama kaja kufunga bomba.

Rehema 09:20
Dada kile kitambaa kinamchoma. Jana alivaa dakika mbili akalivua kwa mkasi. Lebo ya shingoni tu inatosha kumharibia siku.

Mwanaidi 09:21
Mkasi?? Shati la elfu ishirini na nane?

Nassor 09:22
Sasa amepata kizibao 😂

Athumani 09:30
Rehema mimi nakwambia kama kaka yako. Mtoto mmemdekeza. Kwenye hitima ya Mama alimwambia sheikh mbele ya watu "dua ya mwaka jana ilikuwa fupi". Nilikosea nini?

Rehema 09:34
Ulimpiga kibao, Kaka. Alikuwa na miaka 11. Na kweli ilikuwa fupi.

Rehema 09:36
Na baada ya hapo mkanipeleka Pangani. Sijasahau. Siku tatu mwanangu anafukizwa, masikio ameyaziba, mnasema jini halitaki kutoka. Mmemuuliza hata siku moja alichokuwa anakisikia?

Pili 09:50
Jamani yameshapita

Nassor 09:51
Na yule mbuzi jamani

Mwanaidi 09:51
Mbuzi asitajwe humu.

Nassor 09:52
Mbuzi alikuwa wangu lakini 😭

Idrisa 10:02
Jumla ya michango ni 950,000. Imeandikwa 865,000. Pungufu 85,000.

Mwanaidi 10:03
Idrisa mwanangu shikamoo iko wapi?

Idrisa 10:04
Shikamoo mama mkubwa. Pungufu 85,000.

Nassor 10:05
😳

Athumani 10:21
Hiyo ni hela ya turubai. Mimi ndiye mweka hazina, hesabu ninazo.

Idrisa 10:22
Turubai lipo kwenye karatasi ya matumizi uliyoituma Jumatatu, mstari wa tatu, 120,000. Sijasema imeibwa. Nimesema imepungua.

Nassor 10:22
Mungu wangu 😂😂😂 mtoto huyu awe mkaguzi mkuu

Athumani 10:24
Ujumbe huu umefutwa

Idrisa 10:25
Nimeshausoma.

Idrisa 10:31
Hamisi, jina la Asperger linatokana na daktari Hans Asperger wa Vienna aliyechapisha 1944, ila daktari Grunya Sukhareva wa Moscow aliandika kuhusu watoto wa namna hiyo 1925, miaka 19 kabla. Jina la Asperger lilienezwa na daktari Lorna Wing wa London kuanzia 1981. Mwaka 2013 madaktari wa akili wa Marekani walilitoa kwenye kitabu chao cha kutambulia maradhi, yote yakawekwa chini ya usonji. Kwenye orodha mpya ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, iliyoanza kutumika 2022, halimo. Asperger pia alishirikiana na Wanazi, na baadhi ya watoto aliowapeleka katika kituo kimoja hapo Vienna waliuawa. Kwa hiyo silipendi jina hilo. Semeni usonji.

Hamisi 10:33
Sawa mdogo wangu. Nimesahihishwa na mwenyewe.

Idrisa 10:34
Mama mkubwa, saa nne ya Jumamosi ni ya kuanza au ya kudanganyia?

Mwanaidi 10:35
Ya kudanganyia ndiyo nini?

Idrisa 10:37
Harusi ya Dada Maua ulisema saa nne. Nilifika saa nne. Watu walikuja saa sita na nusu. Nilikaa peke yangu saa mbili na nusu, fundi wa muziki akijaribu spika, one two one two. Nilitapika. Baadaye ukamwambia Mama kwamba uliisema saa nne ili watu waje saa sita. Mimi ni mtu na sikuja saa sita.

Pili 10:40
🙈

Rehema 10:41
Ndicho anachomaanisha daktari. Ukimwambia jambo analichukua lilivyo. Majirani zetu walimwambia "karibu tule", akaingia, akakaa, akamaliza samaki. Alipotoka akawaambia ugali ulikuwa mbichi kidogo katikati. Sasa mimi siendi tena kwao kuomba chumvi.

Idrisa 10:42
Walisema karibu. Na ulikuwa mbichi.

Nassor 10:43
Samaki gani

Idrisa 10:43
Changu.

Mwanaidi 10:55
Haya. Idrisa avae kanzu yake ya zamani, nimekubali kwa roho nyeupe. Picha atasimama nyuma. Spika zimeshalipiwa na DJ ni rafiki wa bwana harusi, siwezi kumwambia azigeuze ukutani. PONGWE NANI ANAKWENDA?

Athumani 11:02
Harusi ni ya binti yangu. Ngoma ipigwe. Mtu mmoja hawezi kuuzimia ukoo mzima ngoma.

Rehema 11:03
Basi hatuji.

Mwanaidi 11:03
Rehema usianze

Mwanaidi 11:30
Rehema?

Mwanaidi 12:15
Rehema pokea simu.

Bi Tatu 13:48
🎤 Ujumbe wa sauti 3:12

Pili 13:55
Niko kazini siwezi kufungua. Bi Tatu anasemaje?

Hamisi 14:20
Si Bi Tatu, ni Babu kwenye simu yake. Naandika kama alivyosema.

"Nimesomewa maneno yenu yote. Mimi nilikuwa na ndugu, Bakari, hamkumkuta. Bakari alikaa gatini anahesabu robota za katani zinazopakiwa. Kila meli aliijua jina, siku iliyotia nanga na siku iliyong'oa. Bamvua na maji mafu, siku za maji makubwa na za maji madogo, aliyataja kwa mwezi mzima bila kuangalia popote, na wavuvi walimfuata. Lakini hakuweza kumwangalia mtu usoni wala kukaa penye ngoma. Tukimwita juha. Mimi ndiye niliyeanza kumwita. Siku ya harusi yangu nilimtuma mtu akamwambie asije, nikiogopa wakwe. Alikuja, akasimama ng'ambo ya barabara na kanzu yake mpaka watu wakatawanyika. Amekufa hatujalizungumza. Athumani, mtoto atakaa kulia kwangu. Ngoma itapunguzwa. Na mkono wako usirudi pale ulipokwenda mwaka ule. Nimemaliza."

Hamisi 14:22
Mwisho anakohoa tu.

Athumani 15:40
Nimesikia Baba.

Nassor 16:05
Nitakwenda Pongwe mimi. Ila gari ya rafiki yangu, mafuta nani?

Mwanaidi 16:06
Mafuta tutaona. Nani ataongea na DJ?

Mwanaidi 16:30
Nani ataongea na DJ

Idrisa 16:34
Babu alisema ngoma itapunguzwa. Itapunguzwa kiasi gani? Nikae upande gani wa spika? Na je, nikitoka nje dakika kumi kila saa, nitakuwa nimemvunjia Babu heshima?

Rehema 16:50
Utatoka ukitaka mwanangu.

Idrisa 16:51
Nimemuuliza Babu.

Bi Tatu 17:30
🎤 Ujumbe wa sauti 0:04

Hamisi 17:33
Amesema, "Tutatoka wote."

Pili 19:12
Hamisi ile ya wasichana uliyoandika asubuhi. Nitakutafuta pembeni. Si hapa.

Mwanaidi 20:40
Athumani ongea na DJ, wewe ndiye baba wa bibi harusi

Mwanaidi 20:58
Athumani

Mwajuma 21:03
Waaleikum salaam jamani, ndiyo naingia mtandaoni. Sare ni rangi gani?

Mwanaidi 21:04
Ya Rabi.

Idrisa 21:10
Mama mkubwa hujanijibu. Saa nne au saa sita?

Mwanaidi 21:19
Wewe njoo saa sita mwanangu. Wengine wote saa nne.

Nassor 21:20
Sasa umetwambia wote Dada 😂😂

Idrisa 21:21
Nimeandika saa sita. Ile 85,000 bado.