Siku nne kati ya Milima ya Uluguru na Dar es Salaam: nianze na mlima au na muziki?

Mwalimu wa Likoni anauliza:

Asalaam aleikum ndugu zangu, na salamu kwa wote. Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi huku Likoni, na katika likizo ya Agosti nimepata siku nne, Alhamisi hadi Jumapili, ambapo Jumatatu itakuwa siku ya kurudi Mombasa. Nitasafiri na mdogo wangu wa kike pamoja na binamu yetu. Sote watatu tuna afya njema, ingawa hakuna aliyewahi kupanda mlima mrefu zaidi ya vilima vya Shimba.

Tunataka mambo matatu katika safari moja. La kwanza ni kupanda Milima ya Uluguru, angalau hadi mahali ambapo mtu anauona mji wa Morogoro chini yake. La pili ni kulijua jiji la Dar es Salaam, yaani makumbusho, masoko na kazi za wasanii. La tatu, ambalo kwangu ndilo lenye uzito kuliko yote, ni kuketi usiku mmoja mbele ya bendi ya muziki wa dansi inayopiga ala zake yenyewe. Marehemu baba alikuwa na santuri nyingi za Mbaraka Mwinshehe na Morogoro Jazz, na kila alipozipiga alituhadithia jinsi mwanamuziki huyo alivyofikwa na mauti huku kwetu Mombasa mwaka 1979 kwa ajali ya gari. Nimekua nikilisikia jina la Morogoro kabla sijajua liko upande gani wa ramani.

Mpango wangu wa awali ni huu: Alhamisi tufike Dar es Salaam, Ijumaa mchana tutembee jijini na usiku twende dansini, Jumamosi alfajiri tupande treni kwenda Morogoro na kuanza kupanda mlima siku hiyohiyo, kisha Jumapili turudi. Je, mpango huu unafaa? Na je, wanawake wawili na mwanamume mmoja wanaweza kwenda dansini bila wasiwasi?

Mzawa wa Kihonda:

Wa aleikum salaam Mwalimu, na karibu sana kwetu. Nimeusoma mpango wako mara mbili, na nakuomba uugeuze: mlima utangulie, muziki ufuate.

Nasema hivi kwa jambo lililonipata mwenyewe. Miaka michache iliyopita nilikesha dansini jijini na wenzangu wawili, tukapanda gari la alfajiri, na saa tatu asubuhi tulikuwa tumeanza kupanda. Tulipofika Morningside, palipo na nyumba ya zamani iliyojengwa na Wajerumani, mwenzetu mmoja alikaa kwenye nyasi akashindwa kuinuka. Hakuwa mgonjwa, ila mwili ulikuwa haujalala na maji aliyokunywa yalikuwa machache. Tulimteremsha taratibu kwa saa nne, na kilele tulichokuwa tumekikusudia hatukukiona siku hiyo.

Mji wa Morogoro uko kwenye kimo cha takriban mita 500 kutoka usawa wa bahari, na kilele cha Lupanga kinapita mita 2,100. Maana yake ni kwamba anayekwenda Lupanga na kurudi kwa siku moja anapanda zaidi ya mita 1,600 kisha anaziteremka zote, na magoti huumia zaidi kwenye kuteremka. Kwa watu ambao hawajazoea, ushauri wangu ni kufika Morningside, mwendo wa saa mbili hadi tatu kwa kupanda polepole ukianzia mjini upande wa Boma. Mkijiona bado mna nguvu na saa hazijasogea sana, mwongozaji anaweza kuwapeleka mbele kuelekea Bondwa, kilele chenye minara ya mawasiliano, lakini msiweke ahadi hiyo tangu nyumbani.

Anzeni saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Sababu si jua peke yake. Saa hiyo ndipo mnapokutana na akina mama wa Kiluguru wakishuka sokoni, kila mmoja na tenga kichwani, limejaa karoti, kabichi, njegere au ndizi, na wengine wamebeba stroberi zilizofunikwa kwa majani mabichi. Njia ni nyembamba na anayeshuka ana mzigo, kwa hiyo simameni kando, waamkieni, nao wapite. Mkirudi mjini alasiri, nendeni kwenye Soko Kuu la Chifu Kingalu, mtaziona mboga zilezile zimepangwa mezani. Jina hilo ni la utawala wa jadi wa Waluguru, ambao hadi leo hufuata ukoo wa mama katika mambo mengi, ya ardhi yakiwemo.

Juu ya mashamba ndiko unakoanzia msitu wa Hifadhi ya Mazingira Asilia ya Uluguru, iliyo chini ya Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania. Mkikusudia kuingia msituni, pitieni kwanza ofisi yao mjini kulipia kibali na kupata mwongozaji. Msiende wenyewe. Ukungu hushuka ghafla, na njia za wakulima zinagawanyika mara nyingi kiasi kwamba hata sisi wenyeji huuliza. Milima hii ni sehemu ya Tao la Mashariki, na ina ndege wasiopatikana mahali pengine popote duniani, kama yule aina ya kipwe anayeitwa kwa jina la Uluguru. Vijito mtakavyovivuka ndivyo vinavyoulisha mto Ruvu, na Ruvu ndio unaoinywesha Dar es Salaam. Kwa hiyo msifue wala kuacha taka karibu na maji, tafadhali sana.

Dada wa Chang'ombe:

Nakubaliana na ndugu wa Kihonda, nami nitajibu upande wa jiji.

Mwalimu, suala la wanawake kwenda dansini nalijua kwa sababu nimekuwa nikienda tangu nikiwa msichana, nikifuatana na mama yangu mdogo. Dansi si kama klabu za Masaki, ambako muziki ni wa kurekodiwa na vijana huingia baada ya saa sita usiku. Katika ukumbi wa dansi utawakuta watu wazima, wake kwa waume, wengine wamekuja na wenzi wao wa miaka thelathini, wameketi kwenye viti vya plastiki kuizunguka sakafu ya saruji. Wimbo huanza polepole kwa sehemu ya kuimba, watu wakicheza kwa kutulia, kisha magitaa hubadilika, tarumbeta na saksafoni huingia, na hapo ndipo penye chemko, sehemu ambayo hata aliyesema amechoka huinuka. Ukipendezwa na mwimbaji unakwenda mbele kumtunza kwa noti mkononi au kwenye paji la uso, kisha unarudi kwenye kiti chako. Mwanamke anayefanya hivyo hatazamwi vibaya na mtu yeyote.

Bendi za kuulizia ni mbili. Msondo Ngoma ina asili yake katika NUTA Jazz, bendi ya chama cha wafanyakazi iliyoanzishwa mwaka 1964. Mlimani Park, ambayo wengi tunaiita Sikinde, ilianza mwaka 1978. Majina yote mawili, msondo na sikinde, ni ya ngoma za asili, na mashabiki wa pande hizi mbili wamebishana kwa miaka mingi kama wanavyobishana wa Simba na Yanga. Mimi ni wa Sikinde. Kumbi hubadilika wiki hadi wiki, kwa hiyo siku ya Alhamisi au Ijumaa ulizeni watu wa Kariakoo na Temeke bendi ipi inapiga wapi, maana huko ndiko jibu la uhakika liliko. Kwa kurudi mlikolala, chukueni teksi ya programu ya simu au ya dereva mliyepatana naye kabla, wala msipande bodaboda usiku wa manane.

Kuhusu mchana: Makumbusho ya Taifa yako Mtaa wa Shaaban Robert, jirani na Bustani ya Mimea, nayo yanataka saa mbili kamili, hasa sehemu ya chimbuko la binadamu inayoeleza habari za fuvu lililopatikana Olduvai mwaka 1959. Kijiji cha Makumbusho, kilichofunguliwa mwaka 1967, kiko mbali kidogo, kwenye barabara ya kuelekea Mwenge, na ndani yake zimejengwa nyumba za jadi za makabila mbalimbali kwa ukubwa wake halisi. Ingia ndani ya nyumba, usiitazame kwa nje tu, kwani ubaridi wa mle ndani na harufu ya udongo na nyasi ndivyo vitakavyokueleza kwa nini walijenga vile. Kutoka hapo mnaweza kufika Oysterbay kwenye eneo la wachoraji wa Tingatinga, mtindo ulioanzishwa na Edward Said Tingatinga mwishoni mwa miaka ya 1960. Wachoraji wamekaa chini wakipaka rangi, na ukiwaamkia vizuri wanakueleza kazi yao hata usiponunua.

Msafiri wa Tanga:

Mwalimu, hakuna aliyegusa njia yenyewe, na hapo ndipo mnapoweza kuokoa karibu siku nzima. Mkitoka Likoni hamna haja ya kufika Dar es Salaam kwanza. Basi la Mombasa hupita Lunga Lunga na Horohoro, huja kwetu Tanga, kisha Segera. Kutoka hapo mengine hushika njia ya Chalinze, na mengine hukata Msata kupitia Bagamoyo. Chalinze iko kwenye barabara kuu ya Morogoro, kwa hiyo mkishuka pale mnapata basi jingine na jioni hiyohiyo ya Alhamisi mnalala Morogoro. Ijumaa mnapanda mlima, usiku mnapumzika. Jumamosi asubuhi mnashika treni ya umeme, ambayo tangu ilipoanza mwaka 2024 imeifanya safari ya Morogoro hadi Dar es Salaam kuwa ya saa mbili au pungufu. Stesheni iko Kihonda, nje kidogo ya katikati ya mji, kwa hiyo tokeni mapema, na kila mmoja awe na pasipoti yake mkononi wakati wa kukata tiketi.

Mwalimu wa Likoni:

Nimewasoma wote, na nawashukuru kwa moyo mmoja. Tumekaa jana usiku sote watatu tukaupanga upya mpango wetu: Alhamisi njiani, Ijumaa Morningside, Jumamosi treni, Makumbusho ya Taifa na dansi, na Jumapili tuamke tutakapoamka, kisha Kijiji cha Makumbusho na Tingatinga. Mdogo wangu amesema Bondwa tutaiacha kwa safari nyingine, nami nimekubali. Dada wa Chang'ombe, nitakutafuta hapa Ijumaa jioni unijulishe Sikinde wanapiga wapi.

Swali la mwisho kwa ndugu wa Tanga: nitajuaje kama basi letu linapita Msata?

Msafiri wa Tanga:

Muulize wakala siku ya kukata tiketi, kisha umkumbushe kondakta mkiwa Segera. Akisema wanakata Msata, shukeni palepale Msata na mchukue gari dogo hadi Chalinze, si mbali. Na mizigo yenu msiiweke buti la chini, kaeni nayo ndani, maana pale gari halisimami muda mrefu.