Mume kanuna, leo siku ya 6, na safari hii simbembelezi

Wakuu, naandika nikiwa na hasira, lugha ikichafuka mnisamehe.

Salamu anaitikia puani. Chakula anakifunua, anachungulia, anafunika. Usiku anageukia ukutani. Ukimuuliza kulikoni, "hamna kitu". Hamna kitu gani na mtu anapita sebuleni kama mpangaji anayedaiwa kodi? Na msiniambie wanaume hawajui kuongea, huyu na jirani wanabishana Simba na Yanga barazani mpaka saa nne. Uso anaubadilishia mlangoni.

Miaka tisa ya ndoa ndiyo nimeshtuka: huyu baba hajawahi kunikataza kitu. Hajawahi! Kikoba nilijitoa mwenyewe, baada ya kununiwa kila Jumamosi nikirudi kwenye kikao. Mdogo wangu alikuja kukaa kwetu, akanuniwa mpaka mtoto wa watu akafunga begi lake. Leo ukimuuliza atakwambia, "kwani mimi nilimfukuza nani?" Na kweli hakufukuza. Mimi ndiye niliyepiga magoti kuomba radhi kwa kosa nisilolijua, uso ukakunjuka, jioni hiyo hiyo akaja na chipsi kuku. Yaani ndugu yangu kaondoka, mimi nalipwa kuku.

Safari hii nahisi ni friza. Nimepokea upatu, nikanunua friza ya mtumba niuze barafu na juisi. Nasema nahisi kwa sababu hajatamka. Ila tangu iingie, ile hela ya matumizi ya juu ya kabati sijaiona.

Angenipiga, Sheria ya Ndoa ya 1971 inakataza waziwazi. Sasa hili nikalisemee wapi? Niende baraza la usuluhishi la kata, "waheshimiwa, mume wangu hasemi"? Mama mkwe ndiye kanimaliza: "Mwanangu mpole huyo, wenzio wanang'olewa meno."

Hapa naandika umeme umezima. Meseji imeingia, inatoka chumbani, hatua nane kutoka nilipokaa: "Luku imeisha." Maneno yake ya kwanza wiki nzima! Na anajua fika barafu zangu zimo humo ndani.

Nimenunua ya elfu kumi, kwa hela ya barafu. Tokeni iko kwenye simu yangu na simu iko mfukoni. Friza ikifungwa vizuri inahimili masaa kadhaa. Aje aombe kwa mdomo.