Filamu za Kijerumani kuhusu maisha ya wasanii: nianze na ipi?

Mwanagenzi: Wadau, habari za jioni. Natafuta filamu ya muziki ya Kijerumani inayowaonyesha wasanii jukwaani na pia wakishavua mavazi ya kazi. Nimebakiwa na tatu: Der blaue Engel (1930), Viktor und Viktoria (1933) na Comedian Harmonists (1997). Nitatazama na mama Jumamosi. Kijerumani hajui, ila muziki anaupenda mno.

Binti_Redio: Comedian Harmonists, dada yangu. Ni habari ya kweli: waimbaji watano na mpiga piano, Berlin, kundi lililoanza kwa tangazo la gazeti mwaka 1927. Watatu kati yao Wayahudi, kwa hiyo Wanazi wakawapiga marufuku. Chumbani wanazozana, wakipanda jukwaani sauti zinasukana kama ukili. Na nyimbo ni rekodi za kundi lenyewe la zamani. Waigizaji wanafuatisha midomo tu. Mama hatahitaji tafsiri.

Mtu_wa_Lindi: Mimi nasema Der blaue Engel. Mwalimu mkali, Rath, anampenda Lola Lola, mwimbaji wa kilabu (ndiye Marlene Dietrich). Anapoteza kazi, anamuoa, anazunguka na kundi, mpaka siku anawika kama jogoo mbele ya watu wa mji wake mwenyewe. Sikiliza mlango wa chumba cha kuvalia: ukifunguliwa, muziki na kelele za ukumbini zinamwagika ndani, ukifungwa, kimya. Filamu zenye sauti ndiyo kwanza zilikuwa zinaanza Ujerumani, na tayari walijua kutumia mlango hivyo! Nimeitazama mara nne, na pale anapowika bado nageuza uso.

Binti_Redio: Mlango ule nakubali. Lakini kwa mama, Jumamosi jioni? Atalala na huzuni.

Mwanagenzi: Na ile ya 1933?

Shangazi_T: Inachekesha, mwanangu. Mwanamume anayeigiza mwanamke anapata mafua, msichana anashika nafasi yake, na watu wanaamini ni mwanamume. Ila mazungumzo mengi yana vina, na vina havitafsiriki. Kwa asiyejua lugha, iwe ya mwisho.

Mtu_wa_Lindi: Niongeze hili. Yule bosi wa kundi katika Der blaue Engel ni Kurt Gerron, Myahudi. Aliuawa Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, mwaka 1944. Ukishajua hivyo, kila anapocheka unamtazama kwa jicho jingine.

Mwanagenzi: Ahsanteni sana. Jumamosi Comedian Harmonists na mama. Ya mlango nitaitazama Jumapili usiku, peke yangu.