Chuo kinataka mtihani wa Kiingereza wa IELTS, alama 6.5, na kila sehemu isipungue 6: mtumishi aliyeko Pemba aanzie wapi?

Mtu_wa_Wete
Assalaam alaykum wanajukwaa. Muundo wa utumishi wa kada yangu unataka shahada ya uzamili ndipo nipande daraja. Chuo kimoja cha Uingereza kimenipa nafasi ya masharti: IELTS Academic 6.5, kila sehemu isipungue 6. Digrii yangu ya kwanza nimesoma SUZA, Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar. Je, mtihani hauna njia ya kukwepwa? Na cheti chenyewe kinaingia kwenye faili la kupandishwa?

Karani_Chukwani
Waalaykumu salaam. Tuanze na la faili. Cheti cha IELTS hakimpandishi mtu daraja, kinakufungulia mlango wa chuo tu. Kwa ofisa utumishi linalohesabika ni shahada, tena kwanza uwe na ruhusa ya masomo kwa maandishi kabla hujaondoka. Ukirudi na shahada ya nje, ipeleke TCU, Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, ikatambuliwe. Angalia na tarehe: vyuo vingi havipokei matokeo yaliyopita miaka 2, kwa hiyo usifanye mtihani leo kwa masomo ambayo ruhusa yake hujaiomba.

La kukwepa: andikia chuo uulize kama wanakubali barua ya SUZA inayothibitisha kuwa ulifundishwa kwa Kiingereza. Vingine vinakubali, vingine havitaki hata kuiona. Barua pepe moja, hulipi kitu. Uliza hapo hapo kama wanataka IELTS ya kawaida au ile ya UKVI, yaani ya maombi ya viza ya Uingereza, maana maswali ni yale yale lakini usajili ni mbali mbali, na ukikosea unalipa mara mbili.

Bi_Mwalimu
Ndugu yangu, tatizo lako si hiyo 6.5. Ni hilo neno "kila sehemu". Chukua mfano: Kusikiliza 6.5, Kusoma 6.5, Kuzungumza 6.5, Kuandika 5.5. Jumla 25, gawa kwa 4, unapata 6.25, na utaratibu wao unaipandisha kuwa 6.5. Juu ya karatasi umefaulu, chuo kinakukataa kwa ile 5.5. Na inayowaangusha watu wetu mara nyingi ni hiyo hiyo ya Kuandika.

Dakika ni 60 kwa kazi mbili. Ya kwanza unaeleza chati, jedwali au mchoro, maneno yasiyopungua 150. Ya pili ni insha ya hoja, maneno yasiyopungua 250, na uzito wake ni mara mbili ya ya kwanza. Dakika 20 kwa ya kwanza, 40 kwa ya pili. Hakuna anayekulazimisha kufuata mpangilio wa karatasi, na mimi nashauri insha iandikwe mwanzo ukiwa bado na nguvu.

Sasa sisi watu wa maofisini tuna maradhi yetu: "Husika na kichwa cha habari hapo juu". Ukiipeleka tabia hiyo kwenye insha, aya nzima ya kwanza inakuwa suali lile lile limeandikwa upya. Maneno uliyoyanakili kwenye suali hayakupi alama, wala sentensi ulizokariri. Sentensi mbili za utangulizi zinatosha, msimamo wako uonekane humo humo, kisha aya mbili, kila moja hoja moja na mfano wake.

Kusoma: maandiko matatu, maswali 40, dakika 60. Kwa 6.5 unahitaji kama 27 sahihi. Wengi wanapotea pale pa kuchagua kweli, si kweli, au haikutajwa. "Si kweli" maana yake andiko linapinga kauli ile. Kama andiko limenyamaza, ni "haikutajwa", hata kama wewe mwenyewe unajua jibu.

Kusikiliza: sauti inapigwa mara moja tu. Ukiambiwa usizidishe maneno mawili ukaandika matatu, jibu halihesabiki. Tahajia nayo hivyo hivyo.

Mtu_wa_Wete
Ahsanteni sana. Na kuzungumza? Na safari?

Msafiri_Mkoani
Kuzungumza ni dakika 11 hadi 14, ana kwa ana na mtahini. Katikati unapewa kadi yenye mada, dakika 1 ya kujitayarisha, kisha uzungumze hadi dakika 2. Usikate baada ya sentensi tatu kwa adabu. Hapo unatakiwa useme mpaka akusimamishe.

Safari: panga kwenda Dar es Salaam, na kabla hujakata tiketi ya boti ya kurudi angalia ratiba, maana Kuzungumza kunaweza kupangwa siku nyengine kabisa. Msimu wa kusi usiondoke Mkoani siku ya mwisho, ukichelewa mlangoni hawakungojei.

Jisajili kwa pasipoti, na jina uliandike kama lilivyo humo, herufi kwa herufi. Mwanakhamis wa pasipoti na Mwanahamisi wa cheti cha SUZA ni watu wawili machoni pa mfumo. Na pasipoti hiyo hiyo ndiyo utakayokwenda nayo siku ya mtihani.

Bi_Mwalimu
Nyongeza. Ukikosa nusu alama kwenye sehemu moja, usikimbilie kurudia mtihani wote. Kuna kuomba usahihishaji upya ndani ya wiki 6, na alama ikipanda ada ya maombi inarudishwa. Kuna pia kurudia sehemu moja pekee, kwa waliofanya kwa kompyuta, ndani ya siku 60, lakini si kila kituo wanayo na si kila chuo kinaikubali. Kiulize chuo chako mwanzo.