Damu ya Hermann Nitsch si tambiko, acheni kuipamba

Wakuu, leo nina hasira na sitazunguka.

Siku tatu nabishana na watetezi wa Hermann Nitsch, yule msanii wa Austria aliyefariki 2022, wanaosema maonyesho yake ya damu ni tambiko. Kila nikifungua mdomo naambiwa "hujaelewa sanaa". Nimeelewa! Katika maonyesho hayo mtu yuko uchi, kafungwa msalabani, macho yamezibwa kitambaa. Juu yake mzoga wa mnyama unapasuliwa, matumbo na damu vinammwagikia. Kayafanya haya tangu miaka ya 1960, na 1998 katika kasri lake la Prinzendorf yakaenda siku sita mfululizo. Mwaka 2017 kule Hobart, Tasmania, maelfu ya watu walisaini kupinga onyesho lake, na mzoga wa fahali ukaletwa hivyohivyo.

Mimi nimekulia nyumba ambayo mbuzi akichinjwa hata mtoto anajua sababu. Kuna nadhiri, kuna akika, kuna arobaini ya marehemu. Babu alinoa kisu mbali na macho ya mnyama, akamlaza kuelekea kibla, akataja jina la Mwenyezi Mungu. Jirani akikosa fungu lake, ilikuwa aibu ya nyumba nzima. Damu ile ilikuwa na mwenyewe.

Sasa hii ya Nitsch ina mwenyewe gani? Mashati yaliyolowa damu yalitundikwa pamoja na mavazi ya mapadri, yakaitwa masalia, yakaingia makumbusho na mikononi mwa matajiri wanaokusanya sanaa. Mimi ni Mwislamu, msalaba si wangu, lakini jirani yangu huupigia magoti. Iliniuma kwa niaba yake.

Mnasema alizaliwa 1938, akakulia Vienna chini ya mabomu, akataka watu wautoe ukatili uliomo ndani yao. Maumivu yake siyakatai. Mnasema pia alifungwa jela kwa kuvunja miiko. Kweli, alifungwa. Ila 2005 serikali ya nchi hiyohiyo ikampa tuzo yake kubwa ya sanaa, na 2007 akafunguliwa makumbusho yenye jina lake huko Mistelbach. Mwiko gani tena alikuwa anauvunja? Baada ya hapo aliyebaki kulipa ni mnyama peke yake.

Kwa hiyo anayemtetea asiniletee nadharia. Anijibu tu: yule fahali wa Hobart alichinjwa kwa ajili ya nani?